Kata Tatu za Maji na Mvua ya Zulia Jekundu

Basi Bu Wening, tone la kwanza lilianguka saa kumi na dakika ishirini jioni, likampiga mtangazaji wa televisheni katikati ya paji la uso, la pili likaingia kwenye kipaza sauti, na kabla la tatu halijafika, watu wote waliokuwa nyuma ya zulia jekundu, mafundi wa taa, wasusi, wapishi, mpaka walinzi, waligeuka wakaniangalia mimi.

Naomba ushauri wako, mama, kabla ya Jumapili. Jina langu naliacha maana huku mtaani nimeshapewa jingine, utaliona chini. Nina miaka ishirini na nne, shule niliishia darasa la tano, barua ikipinda nivumilie. Kuongea mbele ya watu siwezi, mimi naangalia tu. Safu yako naisoma kwenye magazeti ya kufungia tempe, zile soya zilizochachushwa za kukaanga, ndiyo maana mara nyingi shida za watu nazijua lakini majibu yako sijui yanaishaje.

Aliyenilea ni babu yangu, Mbah Wagiman, na kazi yake ni kuzuia mvua. Harusi anaitwa, mechi anaitwa, na hasa watu wa filamu, maana wao wakitaka mvua wanataka ya bomba, ya Mungu inawaharibia. Mwaka huu akaitwa kwenye sherehe ya tuzo za filamu za taifa, kwa sababu wageni wanapita kwanza nje kwenye zulia ndipo waingie ukumbini, na Novemba hapa Jakarta jioni zilivyo unazijua. Sasa Mbah anasoma dua na kufukiza ubani, lakini fagio la chelewa hachomeki yeye. Lile fagio la kugeuzwa juu chini, lenye pilipili na vitunguu vyekundu kwenye ncha, lazima lichomekwe ardhini na mtu ambaye mambo ya chumbani hajayajua bado. Hilo kila mtu anajua. Na mtu huyo ni mimi, mwaka wa sita huu, naona haya kuandika lakini ndiyo kazi yangu, wengine ni mafundi baiskeli. Ila kuna sharti la pili, hilo wanalijua wa nyumbani tu: ukishalichomeka fagio, maji hayagusi mwili wako mpaka mgeni wa mwisho aondoke. Kunywa ruksa. Kuoga hapana.

Nililichomeka Alhamisi asubuhi, mafundi walipokuwa wanajenga jukwaa. Tuzo zilikuwa Jumamosi. Ijumaa mvua ilinyesha Bogor, ikanyesha Depok, miji ya jirani, ikaja mpaka ng'ambo ya barabara nikaiona kwa macho yangu inapiga bati la duka la matairi, na huku kwetu vumbi. Mbah akanipiga bega akasema fagio limeshika. Na harufu yangu ilikuwa imeshika pia, Bu, maana jua lilikuwa kali na shati la batiki nililoazima ni la kitambaa kile kisichopitisha upepo.

Sasa kuna Yuyun. Yuyun ni msusi, anawafunga waigizaji zile nywele kubwa za kisogoni, tumekubaliana mwaka mzima, na posa ilikuwa ipelekwe Jumapili hii inayokuja, mama yangu ameshapanga sinia saba za keki na vitambaa na sabuni za kunukia. Anajua mimi na Mbah tunafanya kazi gani, lakini lile sharti la pili sijawahi kumwambia, utamwambiaje mchumba kitu kama hicho. Basi Jumamosi saa kumi na robo nimesimama nyuma ya pazia nalinda fagio, yeye akapita upande wa pili na mwenzake, akasimama, akatoa pini mdomoni.

"Hapa nyuma kuna panya kafa," akasema. "Mwiteni mtu amtoe kabla Bu Rukmini hajapita."

Panya ni mimi, Bu.

Wakaondoka. Mimi nikabaki nawaza kwamba akirudi akafunua pazia atanikuta, na Jumapili ijayo napeleka posa kwao. Bafu la waigizaji lilikuwa hatua kumi, halina mtu, ndoo imejaa mpaka mdomoni. Nikajimwagia kata tatu. Ya nne nilikuwa nimeshaishika, nikamkumbuka Mbah, nikairudisha kwenye ndoo. Nikatoka nachuruzika, na hapo ndipo tone likampiga yule mtangazaji, kisha mvua ikashuka yote kwa pamoja na kunilowesha upya, kwa hiyo hata ushahidi wa kuoga ukapotea.

Mambo niliyoyaona siku ile siwezi kuyamaliza. Nyusi za mwigizaji mmoja mkubwa zilihamia mashavuni. Muongozaji mmoja aliyekuwa anasubiri tuzo alijifunika mkoba wa mkewe, mkewe akabaki na nywele zimelala kama kuku aliyeatamia mvuani. Pak Sudrajat, msimamizi wa shughuli, akaja na makaratasi yake yamekuwa uji.

"Mas, niambie ukweli," akasema. "Ni nani?"

Hakuuliza ni nini, aliuliza ni nani, na wote wakaelewa kwamba mambo ya chumbani nimeshayajua. Nikisema nimeoga, Mbah ataaibika, na Yuyun huyu hapa na kitana chake, atajua panya ni nani. Nikaangalia viatu vyangu. Kumbe kwa watu wazima kuangalia viatu ni kukiri.

Hapo akasogea huyo Bu Rukmini. Huyu ni mama mtu mzima, miaka thelathini na tano kwenye filamu anaigiza mtumishi wa ndani, yule anayeshika mwavuli wakati matajiri wanaachana. Na siku hiyo alikuja na mwavuli wake mwenyewe kutoka nyumbani, mweusi, mkubwa, peke yake kwenye zulia zima.

"Mwacheni mtoto wa watu," akasema. "Angalau mmoja wetu hapa amekuwa na wiki nzuri."

Walicheka mpaka walinzi. Yuyun hakucheka, alichoma pini kwenye nywele za mwigizaji aliyekuwa naye mpaka yule akapiga yowe.

Ingeishia hapo ningevumilia. Lakini wapiga picha wote walikimbilia ule mwavuli kuficha kamera zao, na kwa kuwa walikuwa pale wakampiga picha yeye, wale nyota wengine wamejibanza kwenye hema la chakula. Kisha ukumbini akatangazwa mwigizaji msaidizi bora wa kike. Akapanda jukwaani na mwavuli mkononi, mara ya kwanza kuteuliwa katika maisha yake, akamshukuru Mungu, akamshukuru muongozaji, akamshukuru marehemu mumewe, halafu akasema hivi, moja kwa moja kwenye televisheni ya nchi nzima: "Na namshukuru kijana wetu wa mvua, na mwenzake, popote alipo. Asione haya. Bila nyinyi wawili nisingepigwa picha hata moja."

Ukumbi ukasimama kupiga makofi. Mama yangu alikuwa anaangalia kwa mwenyekiti wa mtaa, pamoja na mtaa.

Tangu siku hiyo sina amani. Vijana wa kwenye kahawa wananiita Mas Mvua, yaani Kaka Mvua, na wananipisha kwenye benchi, ambalo zamani walikuwa hawanipishi. Wanawake wanamchunguza kila msichana anayepita, ni yule, siyo yule. Sasa wameamua ni Mbak Tumini, mjane anayeuza tofu, vile vipande vyeupe vya soya vya kukaanga, na Mbak Tumini hajakanusha, anatabasamu tu anageuza tofu, na wateja wamekuwa wengi kwelikweli. Mama ameniambia taratibu kwamba kama ni mjane wa tofu niseme, zile sinia saba zinaweza kubadilisha mlango. Mama yake Yuyun amepita mbele ya nyumba yetu mara mbili bila kusalimia. Na Yuyun ameniletea ujumbe kwa mdogo wake, mstari mmoja: njoo Jumapili umtaje huyo mwanamke mbele ya mama, au usije kabisa.

Nikamwendea Mbah nikamwambia kila kitu, kata tatu, bafu, panya. Alikuna goti. Kisha akasema: "Mjukuu wangu, ukisema umeoga, watu watasema dawa ya Wagiman inashindwa na ndoo ya maji. Ukinyamaza, watasema vijana wa siku hizi. Nakuomba uwe kijana wa siku hizi." Na kuna kazi anaitarajia mwezi ujao, kuna watu wanapiga filamu milimani, siku arobaini, hawajamjibu bado.

Huyu ndiye aliyenilisha tangu nina miaka minne. Na Yuyun ndiye ninayemtaka, hakuna mwingine, hajawahi kuwepo mwingine, ndiyo kazi yenyewe. Nikisema, nimemwangusha mzee; nikinyamaza, nimempoteza mke. Bu Wening, nifanye nini?

Ningeandika zaidi lakini inabidi niondoke sasa hivi, mvua imeanza kunyesha na nguo za Mbah ziko kambani, na ni yeye mwenyewe anayeniita nikazianue.

Mas Mvua,
Jakarta Mashariki

*

Mas Mvua,

Nakujibu kwa ufupi ili jibu lienee kwenye kipande kimoja cha kufungia tempe, nawe usome mpaka mwisho.

Pole, nimekuhurumia. Nilikuwa naangalia sherehe ile na dada zangu, na tuliposikia maneno ya Bu Rukmini tulicheka hadi chai ikamwagika. Sasa najua tulikuwa tunamcheka mtu aliyekosa kuoga siku tatu kwa ajili ya sherehe ya wengine, na hilo naliomba radhi. Huruma yangu inaishia hapo.

Una miaka ishirini na nne na umeulizwa swali la neno moja na Pak Sudrajat, ukaangalia viatu. Nchi nzima imejaza yenyewe pale ulipoacha wazi. Wewe unasema unaona mengi. Kuona bila kusema, mwanangu, ndiko kulikompandishia Mbak Tumini biashara.

Harusi ya binti yangu tulichomeka fagio kama watu wote. Aliyelichomeka ni shangazi yangu, miaka sabini na miwili, hajaolewa, hajawahi hata kupanda pikipiki na mwanamume. Mvua ilinyesha mpaka kuku wa wali wakaelea. Hakuna aliyemuuliza shangazi ni nani. Tulimpa taulo. Kwa hiyo waliokushuku wewe walitaka tu cha kuchekea, na ukawapa.

Sasa babu yako. Mwambie kutoka kwangu, kwa heshima zote, kwamba hofu imemfanya asione mali aliyo nayo. Mvua ilinyesha Bogor, ikanyesha Depok, ikaja mpaka bati la duka la matairi, na kwenu vumbi. Siku mbili nzima. Ikaanguka dakika ile ile mlinzi wa fagio alipojimwagia maji. Mzuia mvua gani mwingine ana ushahidi kama huo? Ukinyamaza ndipo unapomwangusha, maana watu wa milimani watadhani Mbah Wagiman hajui hata kuchagua kijana. Ukisema kweli, watajua masharti yake yana nguvu kuliko walivyodhani, na kinachohitajika ni mtu tu wa kumzuia mjukuu asikaribie bafu. Nendeni pamoja kwa Pak Sudrajat kesho asubuhi, awafikishie habari watu wa milimani. Aongee mzee, wewe kazi yako ni kuitikia. Na ukiulizwa, usiangalie viatu.

Kisha Yuyun. Amekutaka umtaje mwanamke aliyeleta mvua ile. Jina unalo. Ni nani aliyesimama nyuma ya pazia akasema kuna panya kafa? Kwa ajili ya nani uliacha kazi ya miaka sita ukakimbilia ndoo? Jumapili nenda, kaa mbele ya mama yake, umtaje Yuyun. Lakini nakuonya, anza na panya ndipo ufike kwenye jina. Ukianza na jina, yule mama atakuwa ameshashika mwiko kabla hujamaliza, na mimi sitakuwepo kukutetea. Msichana anayechoma pini kichwa cha mtu kwa wivu bado anakutaka. Akisikia habari za zile kata tatu atakasirika dakika tano, kisha ataficha uso kwa kiganja ili usimwone anacheka. Hapo mama yako alete sinia, zote saba, mlango ule ule.

Mbak Tumini mwache auze tofu.

Na baada ya ndoa, Mbah atafute mtu mwingine wa kuchomeka fagio. Nakushauri shangazi yangu. Ana uzoefu, na hana mtu wa kumwogea.

Ila Jumapili kabla hujatoka nyumbani, mvua ije isije, ingia bafuni umalizie ile kata ya nne.

Bu Wening