Kibanda cha Mama Asha

Jumapili usiku

Huyu Zuhura wangu na kamera yake atanitoa roho. Anatengeneza filamu ya wananchi kujiamulia mambo wenyewe, ndiyo leo kaja kurekodi mkutano wetu wa mtaa hapa Tandale. Ishu ni kibanda cha chapati cha Mama Asha. Kitolewe njiani au kibaki?

Mwenyekiti akauliza, "Wanaotaka kitolewe?" Kanikazia macho, nikanyoosha mkono. Na kweli, gari la wagonjwa halipiti pale.

Akauliza, "Wanaotaka kibaki?" Mama Asha, aliyekuwa kainamisha kichwa muda wote, akageuka kunitazama. Nikanyoosha tena. Sasa mie ningefanyaje?

Wala si peke yangu. Mikono ikazidi watu, mwenyekiti akafoka, mkutano ukaahirishwa.

Zuhura anacheka tu. "Mama, hiki ndicho nilichokuwa nakitafuta! Mikono yako yote miwili ninayo."

"Futa, Zuhura."

"Ndiyo ukweli wenyewe, mama."

Ukweli! Yeye kwake Madale. Mie ndiye ninayechota maji bomba moja na Mama Asha kila asubuhi.

Jioni Mama Asha kaja na chapati za moto. "Shoga yangu, mkono wako nimeuona. Wengine wote wanafiki."

Nikasema ahsante. Nikazipokea.

Nimemtumia Zuhura ujumbe aukate ule mkono wa kwanza. Kimya. Chapati zimepoa, sijagusa hata moja. Mwanangu, nijibu basi, kesho alfajiri naenda bombani.