Fahali Asiyeanguka

Los Angeles,
Machi 8, 1936

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, mgongo umetulia na theluji imeanza kuachia malisho. Mimi sijambo, jua la huku limenibabua pua, na machungwa nakula mpaka nayachoka.

Uliuliza kama bado napiga taipu. Hapana, Baba, na nimeogopa wiki nzima kukueleza ilivyokuwa.

Studio yetu ya katuni ina desturi yake. Michoro ya hadithi hubandikwa ubaoni, kisha mwenye hadithi husimama mbele ya wenzake akaigiza kila mnyama, kwa sauti na kwa miguu. Wasipocheka, michoro hubanduliwa papo hapo. Wanaosimama pale ni wanaume. Sisi wanawake tunapaka rangi, au tunaandika waliyosema wao.

Nami nilikuwa na hadithi yangu: mbuzi aliyekanyagiwa maua na fahali, akaamua kwenda kumgombeza. Njiani anajifundisha maneno makali. Mlango ukifunguliwa, anaomba radhi yeye. Nilimpa Bwana Prentiss, mkuu wa hadithi, nikitaraji aiigize mwenyewe. Akasema hapa hakuna kubebana; hadithi yako, miguu yako.

Basi nikasimama. Magoti yakagongana, sauti ikakatika, nao wakacheka mpaka machozi, wakidhani ndiyo maigizo ya mbuzi. Duffy, bingwa wao wa vichekesho, akapaza sauti, "Jamani, huyu dada mlimficha wapi?" Nilipofika kwa fahali ndipo nilipopata nguvu: nikapuliza pua mara mbili, nikakuna shingo kwa kofia, nikanguruma, "Nani kaacha lango wazi?" Wakashika mbavu.

Kisha Duffy akataka fahali atumbukie kisimani mwishoni, maana katuni bila mtu kuanguka ni mchuzi bila chumvi. Wote wakamuunga mkono. Baba, unajua mimi siwezi hata kumwambia muuza nyama kwamba kanipunja. Lakini nilisema hapana, fahali wangu haanguki, na kama lazima aanguke, nirudishieni michoro yangu. Nikasema alfajiri anatoka peke yake kwenye baridi, anayapanda upya maua kwa kwato zake kubwa, na mbuzi akichungulia, anajifanya anakula majani.

Wakamgeukia Bwana Prentiss. Nikajua kazi imeota mbawa. "Haya, wakili wa fahali!" Duffy akanitania. Bwana Prentiss akauliza nimejuaje kwamba fahali mkali vile angefanya hivyo. Nikajibu kwamba nimemwona. Akaichora alfajiri ile na kuibandika ubaoni kwa mkono wake, na Jumatatu nikapewa meza katika chumba cha waandishi.

Katuni itafika sinema ya hapo mjini kabla ya Krismasi, na majirani watakutambua mara moja. Bora basi uambiwe na mimi: fahali ni wewe, Baba. Ng'ombe walipokanyaga maua ya Mama ulitugombeza sote kwa ajili ya lango. Alfajiri iliyofuata nilikuona kupitia dirisha, umepiga magoti kwenye matope, unayasimamisha moja moja. Mama mpaka leo anadhani ni mvua iliyoyainua.

Mpeleke akaone. Kasirika ukipenda, cheka ukiweza, ila usitoke ukumbini kabla ya alfajiri.

Msalimie sana, pamoja na wote wanaoniulizia.

Ni mimi binti yako,
Thora Nygaard