Kanga Yangu Mgongoni mwa Mwingine

Kibondo, Jumapili, kiangazi cha 1976

Vumbi jekundu limeingia mpaka kwenye sukari. Asubuhi ilikuwa na baridi ya kung'ata masikio, sasa jua linawaka, na mimi bado nimejifunika shuka. Si baridi tena, ni aibu. Naandika nijisikie mwenyewe kabla Baba Mwanaidi hajarudi kesho kutoka Kasulu.

Kwanza niseme nilivyokuwa nikiwaza, nisijifanye malaika. Nilikuwa na hakika mume wangu ana mwanamke huko kijijini Mabamba.

Baba Mwanaidi ni Bwana Utamaduni hapa wilayani. Tangu mvua zikatike, kazi yake ni kukusanya mavazi ya kale ya Waha, yapelekwe Kasulu kwenye maonyesho, kisha yapewe chumba chake huko huko, watoto wa shule waende wajifunze. Ofisi yake ina mchwa, basi vitu vyote vimehamia chumbani kwetu: ngozi za mbuzi, shanga, bangili za waya, na zile nguo za gome la mti wanazoziita impuzu. Nalala na nguo za marehemu wasionijua. Yeye akizishika anasahau hata chai. "Mama Mwanaidi, mavazi ni historia," ananiambia. Haya, historia. Mimi mwana wa Tanga, nguo naijua kwa kuinusa.

Na pua ndiyo iliyonifikisha hapa.

Mwezi uliopita alirudi kutoka Mabamba na impuzu moja, rangi ya matofali, laini kama ndewe ya sikio. Alikwisha kwenda kule mara nyingi kwa ajili ya nguo hiyo hiyo moja, na kila aliporudi mikono mitupu uso wake ulikuwa mkunjufu. Nani anarudi mikono mitupu anacheka? Akaibandika kikaratasi kwa pini: "Vazi la kale. Halivaliwi tena." Alipotoka nikainusa. Ilinuka samli, ilinuka moshi, ilinuka na kwapa la mtu. Jasho bichi! Nguo isiyovaliwa tena inatoa wapi jasho?

Nilifungua sanduku nitoe kanga yangu initolee maneno. Nikakuta upande mmoja tu.

Kanga yenyewe alininunulia marehemu mama, tuliposikia tumehamishiwa huku. Alimtazama mkwewe kuanzia chini, akaninong'oneza kwamba huyu bwana ana miguu myepesi, chukua hii, hutahitaji kufungua mdomo. Imeandikwa NAJUA UENDAKO, SIKUULIZI. Kwetu mwanamke hahangaiki kugombana. Anavaa, anapita mbele ya anayehusika, ujumbe umefika. Na doti ni pande mbili, mmoja wa kujifunga, mmoja wa kujitanda. Upande mmoja peke yake ni kitambaa tu. Nilimuuliza Baba Mwanaidi kama ameuona ule wa pili. Akasema labda umeliwa na mbuzi.

Sisi hatuna mbuzi.

Basi tangu siku hiyo sikulala vizuri. Akikohoa nilisikia jina la mwanamke. Akisema Mabamba, nilimtazama midomo. Wazee walisema lisemwalo lipo, kama halipo laja, na mimi nikakaa mlangoni kulingojea.

Jana likaja. Nilikwenda sokoni na jirani yangu Mama Yohana, Muha wa hapa hapa, ndiye mkalimani wangu tangu tulipofika. Tulikuwa tunachagua maharage. Nikainua macho, kanga ya mama ile pale, mgongoni mwa mwanamke mwembamba aliyesimama wima kama bibi harusi. Kaifunga begani, kama wanavyofunga huku, na maneno yako kichwa chini miguu juu. Ilibidi nipinde shingo kuyasoma.

Kwetu hakuna anayepindua maneno ya kanga kwa bahati mbaya. Nikasema huyu ananijibu! Mume kachukua, kanga kachukua, na maneno yangu ananigeuzia.

Damu ilinipanda. Niliacha kikapu, nikamshika bega mbele za watu, nikapiga kelele nadhani hata hospitali walisikia: "Vua! Vua nguo ya mama yangu!"

Akageuka. Lo! Bibi kizee, meno ya kutafuta, macho yana ukungu.

Mama Yohana alinivuta mkono. "Yoo, Mama Mwanaidi! Uyu ni mukecuru, ni kikongwe! Uyu ni wa kuamukia, si wa kuvua nguo!"

Ardhi ingepasuka ningeingia. Lakini bibi hakukasirika hata kidogo. Nadhani alifikiri ndivyo watu wa pwani tunavyosalimiana. Aliinama, akapiga makofi taratibu kama wanavyoamkiana wao, "Mwakeye, mwakeye," kisha akanishika mikono yote miwili asiiachie. Jina lake Nyamwiza. Ametoka Mabamba kuja kutazamwa macho hospitali, analala kwa nduguye hapa mjini. Mama Yohana alipomwambia mimi ni mke wa nani, furaha ikamzidi, akaanza kueleza, na Mama Yohana akatafsiri huku akinitupia jicho la pembeni.

Kumbe ile impuzu ilikuwa mwilini mwake. Aliivaa siku za baridi, na aliitunza azikwe nayo, kama alivyozikwa mama yake. Walipohamishiwa kijiji cha ujamaa aliacha nyumba na migomba, nguo hiyo akaibeba. Baba Mwanaidi akaja kuiomba, akakataa. Akaja tena, wakacheka sana, akakataa. Mwisho bibi akamwambia hataki pesa wala kitambaa kipya cha dukani. Unachukua nguo iliyokwisha kumjua mtu, basi niletee nguo iliyokwisha kumjua mtu, itoke ndani ya nyumba yako, na mke wako awe ameridhia.

"Bwana akasema umeridhia," Mama Yohana alinitafsiria. "Tena akasema unamusalimia sana."

Mimi? Salamu?

Wallahi kwanza nilishusha pumzi. Hakuna mwanamke! Nusura nimkumbatie muuza maharage. Halafu moyo ukanichoma upya. Mtu anayepeleka salamu nisizozituma, ameshasema mangapi mengine kwa kinywa changu? Na kwa nini hakuniomba? Angeniomba ningekataa, nakiri, hata angelia. Ndiyo maana hakuniomba. Lakini mbuzi!

Nikiwa katika mawazo hayo, bibi alivuta pindo la kanga, akaweka kidole juu ya maandishi, akauliza kitu.

"Anataka umusomee," Mama Yohana akasema. "Bwana alimwambia ni mapambo tu. Lakini yeye anajua ni maneno, na ndiyo atazikwa nayo."

Sikutaka. Maneno ya wivu utamsomeaje mtu anayejiandalia kaburi? Lakini mikono yangu ilikuwa bado mikononi mwake, na yale macho ya ukungu yalikuwa usoni pangu. Nikasema, "Najua uendako, sikuulizi." Mama Yohana akayageuza Kiha, akaongeza kwamba kanga alininunulia mama.

Bibi akayarudia kwa lugha yake, polepole, mara mbili. Kisha akasema jambo, na Mama Yohana akachelewa kulitafsiri.

"Anasema, mama yako alijua kusindikiza mutu."

Nililia pale pale sokoni, mbele ya maharage. Mama yangu sikumsindikiza mimi. Habari zilinifikia huku milimani keshazikwa.

Nilimwambia bibi nitamrudishia impuzu yake leo hii hii. Akakataa. Alikwisha toa neno lake, alisema, na watoto waione. Nikarudi nyumbani, nikakitoa kile kikaratasi cha uongo. Pini nimebaki nayo.

Asubuhi hii nimeukunja upande wangu wa kanga, nikamkabidhi Mama Yohana ampelekee. Roho iliniuma, nisiseme uongo. Lakini doti haitenganishwi, na bibi atahitaji wa kujifunga na wa kujitanda huko aendako.

Kwa hiyo kesho Baba Mwanaidi akishuka kwenye lori, sitakuwa na nguo ya kunisemea. Mama hakunifundisha njia nyingine.

Itabidi nifungue mdomo. Nitaanza na mbuzi.