Al-Kaaba kwa Jicho Moja

Mjukuu wangu Salma,

Swali lako ndilo linalonisumbua tangu ujana: je, ni macho tu yanayoona kina? Hapa Deira hatujambo. Babu yako amepona kikohozi.

"Stereoskopia" imeundwa kwa maneno mawili ya Kigiriki, "imara" na "kutazama": kila jicho hupewa picha yake, nazo huungana zikawa umbo.

Basi sikiliza! Hujaji mmoja alituletea Unguja kidarubini cha stereoskopia chenye picha za Makka. Bibi yangu, mwenye jicho moja na asiyejaliwa kuhiji, alikinyakua.

"Bibi, wewe utaona karatasi tu!" nilimtania.

"Nyamaza wee! Hiyo hapo, imesimama!" Akanyoosha mkono aiguse Al-Kaaba.

Aliiona, au aliitamani? Sijui hadi leo. Alikuwa akilia kwa furaha, nikaona haya kumuuliza.

Bibi yako