Aliyemfungulia Mkwe Mlango

Shangazi yangu, shikamoo.

Mkwe ameacha kuigiza. Taarifa ameitoa wakala wake huko Tokyo, Jumanne hii, kwa maneno machache: hatachukua tena kazi ya filamu wala ya televisheni. Sababu hakuitaja. Mhariri wangu aliipa habari hiyo mistari mitatu. Nilimsimulia mwenye mgahawa hapa Mbinga, akaniuliza, "Kwani ni ndugu yenu?" Nikasema hapana, nikamaliza chai.

Jina lake la Kijapani hukulishika. Ulimwita Mkwe kwa sababu tulimfahamu akiwa mke kijana katika nyumba ya wakulima wa mpunga, kwenye ile tamthilia ya kwanza iliyotiwa sauti za Kiswahili. Jumapili baada ya misa, sebuleni kwako Maguu, ulimtazama akilima ukacheka mpaka kitenge kikakulegea.

"Mtazame! Jembe kalishika kama kalamu. Huyo kwenye ngoro zetu, haya mashamba ya mashimo mlimani, jua lingemzamia hajamaliza shimo moja."

Baadaye tukamwona akiwa muuguzi, akiwa mwalimu mkali, kisha, katika filamu niliyokuletea kwenye simu, akiwa mama wa muuaji. Humo alisema machache kuliko wote, na uso wake ulikufanya uniambie nisimamishe kwanza, upumue. Aliporudi kwenye tamthilia ya mashambani alikuwa na mvi. Akapiga jembe mara mbili tu, ukanigusa goti. "Sasa kajua. Kuna mtu kamfundisha."

Katika tamthilia hiyo Mkwe alikuwa mjane. Swali lilikuwa moja: atabaki kwa wakwe, au atarudi kwao? Hukuhitaji kunieleza kwa nini lilikukosesha raha. Wewe ulifiwa na mume huko Liuli, ukapanda milima kurudi Maguu na sanduku moja. Baba alikufungulia mlango. Alipofariki yeye, ukanilea. Hukuwahi kusema kama ulifanya sawa kurudi, nami sikuuliza.

Sehemu ya mwisho ilikukuta umelazwa, na wodini hapakuwa na televisheni. Ukaniambia, "Si wewe mwandishi? Itazame, uniletee ilivyo."

Jumapili hiyo nilikuwa Mbamba Bay, nikiwahoji wanunuzi wa usipa, wale dagaa wetu wa ziwani. Nilipokumbuka kutazama saa, tamthilia ilikuwa imekwisha. Jumatatu asubuhi nikakaa kando ya kitanda chako, nikakuambia amerudi kwao.

"Umeona, au umeambiwa?" Swali hilo ulilichota kwangu, ndilo ninalowauliza watu kila siku.

"Nimeona, Shangazi."

"Nani alimfungulia mlango?"

"Kaka yake. Akampokea sanduku, hakumuuliza kitu."

Ulinitazama, kisha ukacheka bila sauti.

"Kaka yake alikufa vitani, mwanangu. Tulimlilia sote wawili pale sebuleni. Huyo uliyemwona ni baba yako."

Ukaomba uji. Nikaenda kuutafuta, nikijiambia kwamba nitaipata sehemu hiyo nikuletee ilivyo. Alhamisi ukafariki.

Nimeandika masahihisho mengi gazetini na hayajaninyima usingizi. Hili moja lilibaki, na aliyestahili kulisikia hayupo. Mpaka leo sijui Mkwe alifanya nini. Ningeweza kuuliza, wako waliotazama. Lakini hapo ningekuwa nimeambiwa.

Kahawa yako inachumwa na jirani. Ufunguo wa nyumba ninao mimi, na televisheni nimeifunika kwa kitenge kilekile. Nikifika hapo huwa nafagia, nafungua madirisha, nafunga, naondoka. Tangu uondoke sijaiwasha. Kutazama peke yangu mtu akilima, pasipo wa kumcheka, sikuona maana yake.

Sasa kituo kimetangaza kuwa, kwa kumuaga, kitairudia sehemu ile ya mwisho Jumapili hii, saa tisa alasiri. Nitapanda Maguu Jumamosi ili nijaribu king'amuzi mapema. Kiti chako kitakaa kilipo. Nitakuwa na daftari, na nitaandika ninachokiona tu. Akibaki kwa wakwe, nitaandika amebaki, hata kama si hivyo ningependa uambiwe.

Saa kumi na moja nitakuwa kaburini kwako, nikusomee.

Mwanao,
mtoto wa kaka yako