Jiwe la Jana

Korogwe, Juni 1956

Mpwa wangu Lois,

Marahaba. Huku mvua zimekatika na mkonge unavunwa. Nimefurahi kusikia mikorosho ya Chilangala imeanza kuchanua.

Sasa hilo la mama yako. Unasema ulipoona pumzi zake zinakwisha ulichimbua lile jiwe la jana la bibi yetu, linaloshika kitu kibaki kilivyokuwa, ukaliweka chini ya kitanda ili dada yangu anisubiri, maana kwetu mwanamke hazikwi kabla kaka yake mkubwa hajamwaga unga wa tambiko. Tangu hapo makaa ya chumbani hayageuki majivu, na yeye hafi wala haponi. Ukaniandikia na utani wake: "Mwulizeni kaka yangu, miguu yake imeota mizizi ya mkonge?" Nilicheka sana. Kisha nikasoma kwamba analia kutwa.

Mwanangu, jiwe lile halizuii kifo tu. Linayazuia na maumivu yasipite. Bibi alilitia mtungini ili maji tuliyoyapandisha kutoka bondeni yasiharibike. Hakulilaza na mtu.

Litoe leo. Unga ataumwaga mdogo wangu Kasiani, nimempa ruhusa kwa barua hii. Msiningoje. Miguu yangu kweli haiinuki tena, ila mama yako asilijue hilo.

Kabla hujalitoa, mwinamie sikioni umwambie nimefika, niko uani nanawa vumbi la njia ya Masasi.

Mjomba wako,
Nathanaeli