Nilimwambia Mama Mkwe Santuri Yake Imekufa Upande wa Kulia

Mshauri mpendwa, nakuomba unisaidie, kucheka baadaye. Mimi ni mpima macho mwenye miaka hamsini na miwili na ugonjwa wangu ni santuri za jazi, albamu moja ninazo nakala sita, kila moja ya kiwanda chake na mwaka wake, Jumamosi nzima nazilinganisha, hii besi imejaa, hii matoazi yanameta, mke wangu anapita na nguo za kuanika ananiuliza, "Bado ni wimbo uleule?"

Sasa mwezi uliopita mama mkwe alikuja kula mchana na santuri kaifunga kwenye foronya, ile waliyonunua na marehemu baba mkwe wiki waliyooana, akasema, "Mwanangu, wewe ndiye mjuzi, hebu tuisikilize kwenye mashine yako," nikaiweka, nikafumba macho kama bingwa, na wimbo wa kwanza haujaisha nikatangaza mbele ya shemeji zangu wote kwamba hii ni chapa ya baadaye, iliyorudiwa kiwandani miaka mingi baada ya ile ya kwanza, ya hovyo, sauti ya upande wa kulia imekufa, saksafoni hakuna. Akauliza polepole, "Mbona mimi naisikia?" Nikamjibu, "Mama, hayo ni mazoea tu." Akairudisha kwenye foronya, chai akaiacha nusu.

Baada ya hapo hata zangu sita zikafa upande uleule, nikabadilisha sindano, nikabadilisha waya, nikabadilisha spika, mpaka mke wangu akanikokota kwa daktari wa masikio, naye daktari akachomoa kwenye sikio langu la kulia bonge la nta kama punje ya maharage. Kumbe! Na mama mkwe hapigi tena santuri ile, akiulizwa anasema, "Mkwe wangu kasema ni mbovu." Nafikiria nimnunulie chapa ya kwanza, niiite zawadi, yaishe kimyakimya bila shemeji kujua. Nifanyeje?

Mimi, Mjuzi wa Sikio Moja

JIBU:

Mjuzi, samahani, nilicheka kwanza. Nilipofika kwenye chai iliyoachwa nusu, kicheko kikakatika. Pole kwa aibu, lakini umejitakia. Mteja akikwambia herufi zako za ukutani zimefifia, unapaka ukuta rangi upya, au unampima macho?

Na zawadi hiyo, thubutu! Ile yake ilishikwa na mumewe. Yako imeshikwa na nani?

Jumapili nenda kwake, na wale shemeji waliokusikia wawepo. Ulimwaibisha hadharani, muombe radhi hadharani. Sema, "Mama, bovu lilikuwa sikio langu." Basi. Habari za viwanda waachie viwanda. Watacheka, wewe kaa ucheke nao.

Kisha muombe aipige mwenyewe, kwenye mashine yake, hata kama inakwaruza. Ikiisha usitoe maoni. Muulize ni wimbo upi ukianza mzee alikuwa akimnyanyua kwenye kiti wacheze, halafu funga mdomo mpaka amalize kukusimulia.